Maisha ya Mchungaji Ernst Glück, Mfasiri wa Biblia ya Walatvia

Mara hii twapenda kuwasimulia maisha ya Ernst Glück, mchungaji wa Kilutheri aliyefariki mwaka 1705. Walatvia humtaja kwa heshima, kama sisi tunavyowataja wale waliotufikishia Neno la Mungu kwa lugha zetu. Hatumsimulii kwa kuwa alikuwa mtu asiye na upungufu, maana upungufu wake nao tutauona. Twamsimulia kwa sababu katika maisha yake laonekana jambo moja kubwa: jinsi taifa dogo, lisilo na mfalme wala askari wala ardhi yake lenyewe, lilivyodumu chini ya mabwana wengi, kwa kuwa lilipewa kitabu katika lugha yake.

NCHI NA WATU WAKE

Latvia ni nchi iliyo kaskazini ya Ulaya, kando ya Bahari ya Balti. Kwa mashariki imepakana na Urusi, na ng'ambo ya bahari iko Uswidi. Ni nchi ya misitu na maziwa, na katikati yake unapita mto mkubwa uitwao Daugava, ushukao mpaka baharini. Kwa mto huo wafanya biashara walipandisha na kuteremsha mali zao tangu zamani za kale. Na kwa ajili hiyo wenye nguvu wa pande zote waliitamani nchi hiyo.

Wenyeji wake hapo kwanza walikuwa makabila mbalimbali: Walatgali, Wakuroni, Wazemgali na Waseloni, na pamoja nao Walivi waliokuwa na lugha nyingine kabisa. Kila kabila lilikuwa na wakubwa wake na ngome zake za magogo. Mwaka 1201 Askofu Albert, aliyekuwa Mjerumani, akauanzisha mji wa Riga karibu na mlango wa Daugava. Baada yake wakaja watawa wenye silaha, walioapa kuieneza dini kwa upanga. Hata karne ya 13 ilipokwisha, makabila yote yalikuwa yameshindwa. Wenyeji wakabatizwa, lakini ardhi yao ikawa mali ya wageni. Kidogo kidogo wakafungwa katika mashamba ya mabwana, hata wasiweze kuhama, wala kwenda mahali pengine pasipo ruhusa. Na shamba lilipouzwa, wao nao walikwenda pamoja nalo. Bwana alisema Kijerumani, na mkulima alisema Kilatvia. Hivyo lugha ya nchi ikawa alama ya unyonge.

Matengenezo ya Kanisa yalifika Riga mapema sana. Andreas Knöpken alihubiri huko tangu mwaka 1521 na 1522, na mwaka 1523 Luther mwenyewe aliwaandikia Wakristo wa nchi hizo barua. Mwaka 1586 Katekismo Ndogo ya Luther ilipigwa chapa kwa Kilatvia katika mji wa Königsberg. Lakini kwa muda mrefu wachungaji wengi walikuwa Wajerumani, na Kilatvia chao kilikuwa cha kubabaisha, kwa maana walikipanga kwa kawaida za Kijerumani. Mkulima alisikia sauti ya lugha yake, lakini hakusikia lugha yake.

Kisha vikaja vita. Mwaka 1558 Kaisari Ivan wa Urusi aliishambulia nchi, na utawala wa wale watawa wenye silaha ukavunjika. Wafalme wa Poland na wa Uswidi nao wakaingia kugombania. Mwaka 1621 Mfalme Gustavus Adolphus wa Uswidi akauteka Riga, na kwa mapatano ya mwaka 1629 sehemu ya kaskazini iitwayo Vidzeme ikawa ya Waswidi. Sehemu ya mashariki, ndiyo Latgale, ilibaki kwa Poland. Na sehemu ya magharibi, Kurland, ilikuwa na mtawala wake aliyekuwa chini ya mfalme wa Poland. Basi watu wa lugha moja walikaa chini ya mabwana watatu. Hiyo ndiyo nchi aliyoingia Ernst Glück.

KIJANA ALIYERUDI SHULENI

Glück alizaliwa Wettin, mji mdogo wa Saksonia karibu na Halle, miaka michache baada ya kwisha kwa vita vile vya miaka 30 vilivyoiharibu Ujerumani mpaka mwaka 1648. Baba yake alikuwa mchungaji. Kijana akasomeshwa vizuri, akajifunza elimu ya dini katika vyuo vikuu vya Wittenberg na Jena. Mwaka 1673 akavuka kwenda Vidzeme kutafuta kazi, kama walivyofanya vijana wengi wa Kijerumani wenye elimu.

Alipofika aliona hali ya makanisa ya wakulima, jinsi watu walivyokuwa hawana Biblia, na jinsi wachungaji wengi walivyotosheka na mambo hayo. Akakusudia moyoni kuifasiri Biblia. Lakini alijiona hafai bado. Kilatvia alikuwa hakijui sawasawa, na lugha ya Kiebrania na Kiyunani hakuzijua kwa kadiri ya kazi hiyo. Twapenda wasomaji waliangalie jambo hili. Alikuwa amekwisha kusoma vyuoni, na wengine kwa elimu ile ile waliketi wakala mishahara yao. Yeye hakuona haya kuwa mwanafunzi tena. Akarudi Ujerumani, akaenda Hamburg kwa mwalimu mashuhuri Esdras Edzard, aliyekuwa bingwa wa lugha za mashariki, akaketi kwake akijifunza. Mwaka 1680 alikuwa amekwisha kurudi Vidzeme.

Kwanza aliwekwa kuwa mchungaji wa askari katika ngome ya Daugavgrīva, karibu na Riga, mahali mto uingiapo baharini. Mwaka 1683 akapewa usharika wa Marienburg, mji ambao Walatvia wauita Alūksne, ulio mbali kaskazini-mashariki, karibu na mpaka wa Urusi. Huko alikaa karibu miaka 20 pamoja na mkewe Christina na watoto wao. Mwaka 1687 akafanywa mkuu wa wachungaji wa wilaya ya Koknese, lakini kazi yake kubwa ilikuwa juu ya meza, katika nyumba ya mchungaji.

KAZI YA KUIFASIRI BIBLIA

Kazi kama hiyo haifanywi na mtu mmoja peke yake, hata awe na bidii namna gani. Katika Riga alikuwako msimamizi mkuu wa Kanisa la Vidzeme, Johann Fischer, mtu mwenye nguvu na akili ya kazi. Huyo ndiye aliyekwenda kwa Mfalme Karl wa 11 wa Uswidi, akamwomba fedha kwa ajili ya Biblia ya Walatvia, akapewa. Tena akapata ruhusa ya kuweka mtambo wa chapa katika Riga, na mpiga chapa aliitwa Wilcken. Mfalme alikuwa na sababu zake. Alitaka nchi zake zote ziwe na Kanisa moja lenye mpango mmoja, na watu wake wajue kusoma. Tena siku zile alikuwa akiwanyang'anya mabwana wa Kijerumani mashamba mengi na kuyarudisha kwa ufalme, nao walikasirika sana. Hivyo kuwasomesha wakulima kulihusika na mambo ya utawala pia. Lakini Mungu huweza kuyatumia makusudi ya wafalme kwa mambo wasiyoyawaza.

Glück alianza kufasiri katika miaka ya kwanza baada ya 1680, akisaidiwa na kijana mmoja mwenye elimu ya dini aliyeitwa Witten. Alifasiri toka Kiebrania na Kiyunani, huku Biblia ya Luther ikiwa mbele yake. Agano Jipya lilipokuwa tayari, wachungaji wa Vidzeme na wa Kurland walikutana wakalisoma na kulipima. Jambo hilo lilikuwa la maana kuliko linavyoonekana. Watu wa sehemu hizo mbili walikuwa chini ya watawala mbalimbali, na usemi wao ulitofautiana. Kama kila upande ungalijifanyia kitabu chake, pengine leo wangalikuwa makabila mawili. Wakapatana juu ya kitabu kimoja. Hivyo mbele ya Biblia hiyo watu wa Vidzeme na wa Kurland walianza kuwa taifa moja, miaka mingi kabla ya kuwa na serikali moja.

Wale miongoni mwetu waliowahi kusaidia kazi ya kufasiri wajua uzito wake. Neno la kila siku mara nyingine halitoshi. Na neno la kubuniwa halieleweki. Na neno la lugha ya wageni husikika kama viatu vya mtu mwingine. Glück alikuwa na vitabu vya waliomtangulia. Georg Mancelius alikuwa ametoa kamusi mwaka 1638, na kitabu kikubwa cha mahubiri mwaka 1654. Lakini mwalimu wake mkubwa alikuwa usharika wenyewe, wakulima wa Marienburg, aliowasikia shambani, kanisani na vitandani pa wagonjwa.

Agano Jipya lilianza kutoka mtamboni mwaka 1685. Agano la Kale lilimalizika kufasiriwa mwaka 1689, na mwaka huo ndio ulioandikwa katika Biblia. Lakini kazi ya chapa haikwisha ila mwaka 1694. Zilipigwa chapa nakala 1500 hivi. Kwa taifa zima si nyingi. Lakini tangu siku hiyo hakuna aliyeweza tena kusema kwamba Kilatvia ni lugha ya mifugo na jembe tu, isiyofaa kwa mambo ya elimu. Lugha iliyoweza kuwachukua Isaya na Ayubu na barua za Paulo, itashindwa na nini?

SHULE NA MIALONI

Glück alijua kwamba Biblia bila msomaji ni kama mbegu ghalani. Kwa hiyo katika mwaka 1683, mara alipofika Marienburg, alianza shule kwa watoto wa wakulima, na baadaye nyingine mbili katika mitaa ya usharika, Zeltiņi na Opekalns. Mabwana wengi hawakupenda shule za namna hiyo. Waliona kwamba mkulima ajuaye kusoma ataanza kuuliza maswali, na mkono uliozoea kalamu hautapenda jembe. Tena watoto walihitajiwa kuchunga.

Walimu je, wangetoka wapi? Walimu Walatvia hawakuwako. Glück akawachukua wanafunzi wake mwenyewe wa Marienburg, wale waliofaulu, akawafundisha kazi, akawapeleka kufundisha katika shule zile nyingine. Watoto wa watumwa wa shamba wakawa walimu. Wakatekista wasomao habari hii wataifahamu njia hiyo, maana kwetu pia ndivyo kazi ilivyoanza: mwanafunzi wa jana ni mwalimu wa leo.

Karibu na nyumba ya mchungaji katika Alūksne watu huonyeshwa mialoni ya Glück. Huo mti wa mwaloni hukua polepole sana na kuishi karne nyingi. Husimuliwa kwamba alipanda mmoja mwaka 1685 kwa shukrani ya Agano Jipya, na mwingine mwaka 1689 kwa shukrani ya Biblia nzima. Mtu apandaye mwaloni hajipandii mwenyewe kivuli.

VITA VYA MWAKA 1702

Mwaka 1700 vita vikubwa vikaanza. Kaisari Petro wa Urusi, pamoja na wafalme wa Denmark na wa Poland, alimshambulia Karl wa 12, mfalme kijana wa Uswidi. Mmoja wa waliochochea vita hivyo alikuwa Johann Patkul, bwana wa Vidzeme aliyekasirika kwa ajili ya mashamba yaliyonyang'anywa. Mabwana waligombania mashamba yao, na nyumba za wakulima ndizo zilizochomwa moto.

Mwaka 1702 jemadari wa Urusi Boris Sheremetev aliingia Vidzeme na jeshi lake, akiiharibu nchi, vijiji, mavuno na mifugo, ili jeshi la Waswidi lisipate chakula. Mwezi Agosti alifika Marienburg. Ngome ya mji huo ilikuwa kisiwani, katikati ya ziwa, na watu walikimbilia humo. Mizinga ilipozidi, mkuu wa ngome akakubali kujitoa. Lakini ofisa mmoja jina lake Wulff hakutaka ngome ianguke mikononi mwa adui ikiwa nzima. Akaingia katika ghala ya baruti akaitia moto, akafa mwenyewe pamoja na wengine. Warusi wakaona kwamba mapatano yamevunjwa, wakawachukua watu wote kuwa mateka.

Glück na nyumba yake walikuwa miongoni mwa mateka. Husimuliwa kwamba alimwendea jemadari ameshika Biblia ya Kislavoni, lugha ya Kanisa la Warusi. Maana kule Marienburg, karibu na mpaka, alikuwa amejifunza Kirusi, hata akaanza kuifasiri Biblia katika Kirusi cha watu wa kawaida. Maandiko hayo ya kazi ya miaka mingi yakapotea katika vita. Shule zake zikavunjika, na usharika wake ukatawanyika. Biblia ya Kilatvia peke yake ilikuwa imekwisha kutoka, miaka minane tu kabla ya maangamizi hayo. Kama Glück na Fischer wangalisema kwamba kazi hiyo yaweza kungoja mpaka wakati mzuri zaidi, isingalifanyika.

MTUMISHI WA NYUMBANI ALIYEKUWA MALKIA

Katika nyumba hiyo ya mchungaji alikuwamo msichana yatima, jina lake Martha, aliyelelewa hapo na kufanya kazi za nyumbani. Muda mfupi kabla ya ngome kuanguka alikuwa ameozwa kwa askari Mswidi. Alipochukuliwa mateka alipita mikononi mwa wakubwa wa jeshi, mpaka akafika nyumbani kwa Menshikov, rafiki wa Kaisari, na huko Petro mwenyewe alimwona akampenda. Akaingizwa katika Kanisa la Warusi, akaitwa Katarina. Mwaka 1712 Kaisari alimwoa mbele ya watu wote. Mwaka 1724 akavikwa taji. Na Petro alipokufa mwaka 1725, yeye alitawala Urusi yote mpaka alipokufa mwaka 1727.

Watu hupenda kuisimulia habari hii kama hadithi ya bahati. Sisi twaona ndani yake jambo jingine. Waandishi wa habari zake husema kwamba Katarina hakujua kuandika, na kwamba binti yake alimtilia sahihi katika barua. Basi mchungaji aliyejenga shule kwa watoto wa wakulima, na kuwafanya kuwa walimu, alikuwa na msichana jikoni pake asiyefundishwa kalamu. Hatusemi hivi ili kumdharau. Twasema kwa kuwa hatari hiyo i karibu na kila mtumishi wa Kanisa: kuwaangalia walio mbali, na kumsahau achotaye maji nyumbani mwake.

KUFA KWAKE HUKO MOSCOW

Glück alipelekwa Pskov, kisha Moscow, katika mtaa walimokaa wageni. Hakukaa bure. Kaisari Petro alitaka watu wake wajifunze lugha na elimu za Ulaya, na mtu kama Glück alikuwa adimu. Mwaka 1703 vijana walianza kutolewa kwake wafundishwe, na mwaka 1705 shule yake ikathibitishwa kwa amri ya Kaisari. Mafundisho yaliyotangazwa yalikuwa mengi: Kilatini, Kijerumani, Kifaransa, Kiyunani, Kiebrania, filosofia na jiografia, hata adabu za wakubwa, kucheza dansi na kupanda farasi. Kwa ajili ya shule hiyo Glück alifasiri katika Kirusi katekismo ya Luther na vitabu vya mwalimu Comenius. Mtu aliyepoteza kazi ya miaka mingi alianza tena mwanzo, katika nchi ya waliomteka.

Lakini nguvu zake zilikuwa zimekwisha. Tarehe 5 Mei 1705 alifariki katika Moscow, akazikwa huko. Shule yake iliendelea miaka kama kumi, kisha ikafungwa. Hakuiona tena Marienburg, wala hakujua kama Biblia yake itadumu.

YALIYOFUATA

Kwa macho ya mwanadamu ilionekana kwamba haitadumu. Mwaka 1710 Riga ikatekwa na Warusi, na tauni ikaja nyuma ya vita ikaua watu wengi mno, hata vijiji vingine vikabaki mahame. Kwa mapatano ya mwaka 1721 Vidzeme ikawa ya Urusi. Kaisari Petro akawarudishia mabwana wa Kijerumani mashamba yao na haki zao zote za zamani, na hali ya mkulima ikawa mbaya kuliko chini ya Waswidi. Mwaka 1739 kiongozi mmoja wa mabwana hao, Rosen, aliandika kwa serikali kwamba mkulima ni mali ya bwana wake, pamoja na vyote alivyo navyo. Lakini mwaka huo huo wa 1739 Biblia ya Glück ilipigwa chapa mara ya pili, huko Königsberg. Basi mkulima alikuwa na maandiko mawili yaliyomtaja: moja lilimwita kitu, na la pili lilimwita mtu aliyeumbwa kwa mfano wa Mungu. Historia imekwisha kuonyesha ni lipi lililodumu.

Miaka hiyo hiyo wakaja Ndugu wa Herrnhut, ambao huku kwetu twawajua kwa jina la Wamoravian. Tangu mwaka 1729 walitembea katika vijiji vya Vidzeme, na mwaka 1738 wakaanza chuo cha walimu karibu na Valmiera. Wakulima wakaanza kuongoza ibada wenyewe, kusoma, kuimba, na kuandika habari za maisha yao. Mabwana na wachungaji wengine wakaingiwa na hofu, na mwaka 1743 Malkia Elizabeth akaikataza kazi hiyo. Elizabeth huyo alikuwa binti wa Martha, yule wa jikoni pa Glück. Ndugu wakaendelea kukutana kwa siri, mpaka miaka ya baadaye walipoachiliwa.

Utumwa wa shamba ulikomeshwa Kurland mwaka 1817 na Vidzeme mwaka 1819, lakini watu waliachiliwa mikono mitupu, ardhi ikabaki ya mabwana. Katika Latgale walingoja mpaka mwaka 1861. Walakini watu hawa walikuwa wasomaji tayari. Kwa hiyo katikati ya karne ya 19 walitokea wana wa wakulima waliosoma vyuoni, wasiokubali kugeuka Wajerumani kwa sababu ya elimu yao. Walitoa magazeti, wakakusanya nyimbo za mababu, na mwaka 1873 waimbaji wa nchi nzima wakakutana Riga kwa sikukuu kubwa ya kwanza ya nyimbo. Vita vya mwaka 1914 vilipovunja falme za Urusi na Ujerumani, Walatvia walitangaza nchi yao kuwa huru tarehe 18 Novemba 1918. Walipigana miaka miwili kuulinda uhuru huo, na ardhi ya mabwana ikagawanywa.

Mwaka 1940 jeshi la Urusi ya Soviet liliingia, na nchi ikapoteza uhuru wake. Mwezi Juni 1941, na tena mwezi Machi 1949, maelfu ya jamaa, wazee na watoto, walipakiwa katika magari ya moshi ya mizigo wakapelekwa Siberia. Kati ya nyakati hizo jeshi la Hitler lilitawala, na Wayahudi wa Latvia karibu wote wakauawa. Twasema hili kwa uchungu, maana lilitendeka katika nchi yenye Biblia na makanisa, na wenyeji wengine walishiriki. Kitabu hakimwokoi asiyekitii. Baadaye Soviet ilirudi ikatawala mpaka mwaka 1991. Kanisa likabanwa, na vijana wakafundishwa kumkana Mungu. Tarehe 23 Agosti 1989 watu kama milioni mbili wa Estonia, Latvia na Lithuania walishikana mikono, wakafanya mstari mmoja toka Tallinn kupitia Riga mpaka Vilnius, pasipo silaha. Uhuru ulitangazwa tarehe 4 Mei 1990, na mwezi Agosti 1991 ukathibitika.

Leo katika Alūksne iko nyumba ya kumbukumbu ya Biblia, na humo Biblia ya Glück huonyeshwa. Mwaka 2012 tafsiri mpya ya Kilatvia ilitoka, maana lugha hukua na maneno ya kale huchakaa. Lakini wafasiri wapya walisimama juu ya msingi wake.

NENO LA MWISHO

Nasi wa Afrika ya Mashariki tuna deni kwa pwani ile ya Balti. Ewald Ovir na Karl Segebrock, wamisionari wa Leipzig waliouawa huko Akeri, Meru, mwaka 1896, walitoka katika nchi hizo, zilizokuwa chini ya Urusi wakati ule. Makaburi yao yatukumbusha kwamba Injili ilitufikia kwa mikono ya watu ambao kwao pia mambo ya bwana na mtumwa, ya lugha kubwa na lugha ndogo, yalikuwa bado yakiwasumbua.

Basi tukiyapima maisha ya Glück, twaona kwamba hakuwafungua wakulima minyororo. Alikuwa mgeni wa lugha ya mabwana, alilishwa na fedha za mfalme mmoja, akafa katika kazi ya mfalme mwingine. Lakini alitumia miaka yake kuhakikisha kwamba mtu aliye chini kabisa asomewe Neno la Mungu kwa lugha aliyofundishwa na mama yake, kisha alisome mwenyewe. Wafalme wa Uswidi waliondoka katika nchi ile, wa Poland wakaondoka, makaisari wa Urusi wakaondoka, na waliokuja baada yao wakaondoka. Lugha iko, na watu wake wako.

Nanyi wakatekista mnaofundisha watoto herufi chini ya paa la nyasi, au katika darasa lenye vitabu vichache, msiidharau kazi hiyo. Matunda yake pengine hamtayaona. Mwaloni hauulizi ni nani atakayeketi kivulini. Mwenye kupanda na apande.